Mzee Ndani ya Khanga

Mdogo wangu Subilaga, ugonile! Hapa Mwaya jua linachoma, lakini samaki ni watamu.

Leo mjukuu wetu Bupe, bingwa wa mbio za mitumbwi, alikuwa anaongoza. Mara akaacha kupiga kasia, akaficha uso. Kumbe baba mkwe wake amesimama palepale pa kumalizia! Unajua mwiko wetu, mwanamke hamkaribii wala hamtazami baba wa mumewe. Wenzake wakamfikia. Nikafoka, "Mzee, ondoka!"

"Nimekuja kumwona akishinda!"

Nikamfunika khanga kichwa kizima. "Basi mwone kwa masikio!"

Bupe akashinda. Mzee humo ndani alishangilia kuliko sisi sote.

Khanga amegoma kurudisha, eti ina bahati. Niwekee moja ya zako, na ule ushibe, mifupa wewe!

Dada yako akupendaye,
Tumpe