Jina Ulilokataa Kumpa Mwanetu

Baba Anselm,

Uliko hakuna simu, basi nakuandikia. Jana niliiona ile filamu ya babu yako, ile uliyotuficha mpaka ukaingia kaburini, na niliiona nikiwa nimeketi kando ya mwanao. Nakupenda, lakini nimekukasirikia.

Unakumbuka alipozaliwa, pale hospitali ya Westmead, huku ugenini? Kwetu mtoto wa kwanza wa kiume huchukua jina la upande wa baba. Wewe hukuwa na baba wa kumtaja. Aliyekulea huko Ujerumani ni babu yako Anselm. Nikasema, basi huyo ndiye. Ukasema, "Jina lolote, ila si hilo." Mama yangu akapiga simu kutoka Nyeri akiuliza kama mjukuu wake hana kwao. Ulimheshimu mno mama mkwe wako, ukakubali. Tangu hapo kanisani wote wakakuita Baba Anselm, na kila walipokuita ulikunja uso. Nikadhani ni uzungu wako tu.

Na hadithi zako zilivyokuwa tamu! Babu mwigizaji wa filamu za kimya, asiyewahi kuwa nyota hata siku moja. Leo kinyozi, kesho bawabu, keshokutwa bahili mwenye kofia mbovu. Ulisema mashujaa walikuwa na sura nzuri, yeye alikuwa na sura nyingi. Jikoni kwetu Doonside ulimwigiza yule mhudumu wa hoteli anayemwaga supu, Anselm akacheka mpaka akashikwa na kwikwi. Lakini ukifika mahali filamu zilipoanza kusema, wewe ulinyamaza. "Baadaye alizeeka," ndiyo yaliyokuwa majibu yako. Hakuzeeka, mume wangu. Wauaji walishika serikali, waigizaji Wayahudi wakafukuzwa kazini, wengine wakakimbia nchi, yeye akabaki na kupokea nafasi zao.

Chuo cha mwanao ndicho kilichotangaza kuionyesha, na mjadala juu yake. Aliliona jina lake zima kwenye tangazo, la kwanza na la ukoo. Nilimsihi asiende. "It's my name, Mum," akanijibu. Kwenye treni sikujua mikono yangu niiweke wapi.

Ukumbi ulijaa. Mama mmoja wa makamo, aliyeongoza mjadala, alitueleza kwanza kwamba bibi yake alitoroka Berlin, na ndugu zake waliobaki wakauawa. Kisha filamu ikaanza, na babu yako akatokea, dakika chache tu. Alimwigiza Myahudi: mgongo umepinda, anasugua viganja, macho yanatafuta cha kuiba. Alijua kuigiza, Mungu anisamehe. Kipaji chote ulichonisifia kilikuwepo, na kilikuwa kinawafundisha watu kuchukia majirani zao.

Taa zilipowaka, yule mama akauliza kama kuna mwenye la kusema. Niliushika mkono wa Anselm, nikaukandamiza kwenye goti langu. Akautoa taratibu, akasimama.

"Naitwa Anselm," akasema kwa Kiingereza chake, kisha akalitaja na jina la ukoo. "Yule ni babu wa baba yangu."

Ukumbi mzima uligeuka. Yule mama alimtazama, nami nikajiandaa kusimama mbele ya mwanangu kwa lolote litakalokuja.

"Asante kwa kusimama," alisema mwishowe, bila tabasamu. Nami sikuona kama tunamdai tabasamu hilo.

Njiani uvumilivu ulinishinda. Nilimuuliza kama anataka tulibadilishe jina, nikamwambia bibi yake wa Nyeri nitamkabili mwenyewe. Unajua mtoto huyu, nikimsemesha Kiswahili hunijibu Kiingereza. Safari hii alijibu kwa Kiswahili, polepole, akiyatafuta maneno.

"Hapana, Mum. Nikiliacha, litabaki lake peke yake."

Lala sasa, mume wangu. Uliloogopa kuniambia mimi chumbani, mwanao amelisema mbele za watu.

Mkeo,
Mama Anselm