Hazina ya Zumbeya Imepatikana

S.L.P. 91,
Kalangalala,
Geita.
13 Julai 2025

Mpendwa mdogo wangu Agapiti,

Marahaba. Najua hujaniamkia, huu ni mwaka wa pili, lakini naitikia kabisa tusipoteze muda. U mzima? Wifi yangu Violeth, mguu umepona? Na mtoto ameshaota meno? Huku sisi wazima. Nelly amemaliza kidato cha nne, biashara ya magogo inakwenda, na Mama kule Ushirombo presha yake imetulia tangu Pasaka. Nimeandika kwenye karatasi kwa sababu simu zangu hupokei, na barua huwezi kuikata katikati.

Sasa kaa. Madaftari yako yamepatikana. Yote sitini na tatu. Nimeyahesabu mara mbili.

Maneno yako ya mwisho ninayo bado: kwamba kazi yako ya ujana nimewauzia wapika maandazi wafungie. Ulimwambia na Mama, Mama akawaambia wenzake wa jumuiya, na mwezi mzima kule nyumbani nikawa muuza vitabu. Ukweli wenyewe ni huu. Nilipohama Nyahanga kuja Geita, sanduku lako la bati lenye madaftari nililiacha kwa binamu yetu Nkwabi, na Nkwabi akasema limeibwa. Nani angeamini? Hata mimi nisingejiamini.

Basi Jumanne ya tarehe mosi alikuja mteja anaitwa Maige, msimamizi wa duara moja, shimo la wachimba dhahabu, nje kidogo ya mji. Alitaka matimba, yale magogo ya kuzuia kuta za shimo zisibomoke. Nikamuuliza shimo lina kina gani, akasema hatua thelathini na moja, na wanakwenda mpaka hamsini na sita. Nikamwambia sijaona mchimbaji anayejua atakomea wapi kabla hajafika. Akasogea karibu, akaninong'oneza kwamba wao wana ramani ya Mjerumani.

Unaujua ugonjwa wa watu wa huku. Kwao hakuna kilima ambako Mjerumani hakufukia mali. Nikamwambia alete hiyo ramani nipige hesabu ya magogo vizuri. Jioni akaja na daftari, limejaa udongo, na juu yake mwandiko wako: HAZINA YA ZUMBEYA. Ndani zile herufi zako za kujitungia, michoro ya ngazi, halafu kwa Kiswahili: "Mwamba wa saba, hatua hamsini na sita kwenda chini, ndimo ulimolazwa Mswada wa Majina ya Maji."

Wewe uliandika hazina ya vitabu, vya wanazuoni wa Zumbeya, mji ambao haupo duniani, na mwamba kwako ni rafu iliyochongwa kwenye jiwe. Lakini mpe mchimbaji wa Geita karatasi yenye hazina, mwamba na hatua, uone kama atafikiria rafu. Herufi zako wakasema ni Kijerumani cha zamani. Na jina la Mjerumani mwenyewe walikuwa nalo, maana kila daftari nililokununulia niliandika langu ili wenzako wasikuibie bwenini: T. Ansgar.

Baba yetu Ansgar, katekista wa Ushirombo, amekuwa Mjerumani. Na mimi hapa mjini wananijua kwa jina la Mama Nelly tu.

Nikamwambia Maige kwamba huyo Ansgar ni mimi. Akanitazama kwa huruma. Nikatoa kitambulisho cha taifa. Akakisoma, akakigeuza nyuma, akakisoma tena, akaomba maji ya kunywa.

Kesho yake nikaenda machimboni. Watu kumi na wawili, miezi minane, na walichotoa ni maji na mawe meupe. Nkwabi ndiye aliyewapa sanduku ili aingizwe kwenye mgawo, na aliposikia nakuja akapanda bodaboda kwenda kusikojulikana. Walikuwa na hasira. Mmoja alishatoa kiberiti ayachome madaftari palepale. Nikalikalia sanduku. Nina kilo themanini na sita, hakuna aliyejaribu kuniinua. Tukakaa hivyo kama nusu saa, mpaka mzee mmoja aliyekuwa akivuta kamba akasema, "Jamani, tumechimbia hadithi," akaanza kucheka. Wengine wakamfuata, wakawa wanamtania Maige wakimwita Bwana Zumbeya. Kiberiti kikarudi mfukoni.

Maige peke yake hakucheka. Alikuwa ameyasoma yote akitafuta vipimo. Alipomaliza kunifungia sanduku kwenye guta la magurudumu matatu, akaniita mama kwa Kisukuma, akaniuliza polepole, "Mayu, yule mwanazuoni Mbalisi aliyeshuka mwamba wa saba, alitoka?"

Sikujua, Agapiti. Sanduku hilo nililitunza miaka tisa bila kulifungua hata siku moja, na aibu niliyoipata pale ni kubwa kuliko ile uliyonitia wewe. Nimeanza kusoma. Niko daftari la kumi na nne. Ile elimu ya kuwalaza nyuki kwa kuwasomea ni upuuzi mtupu, nimeirudia mara tatu.

Manne hayana majalada. Kurasa kumi na moja zililowa, nimezianika, wino umeshika. Mengine yako salama chini ya kitanda changu, na kwa basi siyatumi. Njoo uyachukue mwenyewe.

Ila kabla hujaja nataka kitu kimoja. Jumapili tarehe 27, baada ya misa ya pili, nitakuwa kwa Mama. Nimeshamwambia yamepatikana, akasema Mungu mkubwa, akaendelea kuchambua mchele. Kwangu haitoshi. Piga simu yake, mwombe aiweke sauti kubwa, umwambie kwa mdomo wako kwamba dada yako hakuuza. Mimi nitakaa pembeni, sitasema neno. Nataka kusikia tu.

Nisalimie Violeth, na mtoto mpakate kwa niaba yangu. Shangazi Asteria anakusalimu, na Nelly anasema shikamoo mjomba. Mungu awalinde huko Masasi, na awape usingizi kama huu ninaolala mimi siku hizi.

Dada yako akupendaye,
Theopista