Mama Asitie Dole Gumba

Mabela, Muskat
Jumanne, baada ya alasiri

Dada yangu Mwanaidi,

Salamu alaikum, wewe na mama na wote wanaokula nanyi sinia moja. Mwili wangu mzima, alhamdulillahi. Moyo ndio sina la kuusifia, na sababu utaisoma humu. Goti la mama linaendeleaje? Bado anaingia majini kufunga mwani na vile viatu vya mpira nilivyomletea, au keshamgawia mtu? Na mwanao Saumu, nasikia amemaliza juzuu yake ya kwanza. Mbusu kwa niaba yangu.

Barua hii isome peke yako kwanza, ndipo umsomee mama, tena ndani, si barazani. Nimempa mkononi Bi Rukia, yule jirani yetu wa ng'ambo ya mto aliyekuwa akifanya kazi za nyumbani hapa. Anarudi moja kwa moja, anaruka keshokutwa. Simu siiamini, na haya ningeyasema kwa mdomo ningeyakatia njiani.

Uliniuliza kwenye ujumbe wako wa sauti: wewe unayechora ramani, tuambie vigingi vyenye rangi nyekundu vilivyopigwa ufukweni kwetu ni vya nini. Ukanieleza kuwa wamebandika tangazo msikitini la bandari ya kisasa ya uvuvi, Kiswahili chake kizuri, ukacheka ukasema utadhani limeandikwa na Hamadi. Ukasema Jumatatu ijayo wanakuja kuwatia watu dole kwenye fomu za kukubali kuhama, na mama hataki kujibu mpaka mwanawe aseme, maana mwanawe anazijua ramani.

Dada, tangazo lile nililiandika mimi.

Ngoja nikupe tangu mwanzo. Ofisi yetu iko Wattaya, ghorofa ya tatu, chini yetu wanauza magari. Kutwa niko kwenye kiyoyozi mpaka vidole vinafa ganzi, nachora gati za watu wengine. Mkubwa wangu ni Mhandisi Khalfan, Mwarabu wa hapa, lakini wazee wake walitoka Unguja na Kiswahili ndicho kinachosemwa nyumbani kwao. Usidhani ni mtu mbaya. Nilipougua alinipeleka hospitali kwa gari yake mwenyewe. Ijumaa hunialika kwake Bawshar, na mama yake, bibi mzee mwenye mkono mzuri jikoni, hunijazia samaki wa nazi mpaka nasahau niko wapi. Hapo ndipo nilipojiponza. Mtu aliye mbali na kwao ukimpa samaki wa nazi, atakueleza hata asichoulizwa.

Ijumaa moja nikawasimulia jinsi mama alivyokuwa akitukataza kuvuka mstari wa mwisho wa mwani, pale Kizani, maji yanapogeuka meusi ghafla. Nikawasimulia mjomba Faki alivyounga kamba za mwani, akafunga jiwe, akalitosa, na jiwe lisiguse chini. Bibi akacheka. Mhandisi hakucheka. Akaniuliza taratibu, "Hata maji yakitoka?"

Nikamwambia hata bamvua, hata mwamba ukikauka juu, pale panabaki vile vile. Nikaona raha kuulizwa. Nikachukua kifuniko cha boksi la halua nikamchorea: mwamba huu, mlango wake huu, kijiji hiki hapa. Nilijivunia kwetu kama mjinga anayewaonyesha wageni mahali anapoficha ufunguo.

Miezi ikapita. Kazi mpya ikaletwa mezani kwangu, ramani isiyo na jina, ina namba tu. Nilichora siku mbili bila kujua. Siku ya tatu nikauona mwamba wetu uliokatika katikati, na mkono ukasimama. Nikafungua maelezo yaliyoambatana nayo: haikuwa bandari ya samaki. Ni kituo cha jeshi la majini la nchi kubwa ya mbali, cha kuweka nyambizi za nyuklia. Hizo ni meli zinazokwenda chini ya maji miezi bila kuibuka, na injini zake zinaendeshwa kwa nguvu ile ile inayotengenezewa mabomu. Zinataka kina kirefu karibu na nchi kavu, ziingie na kutoka zisionekane. Pwani za namna hiyo hazipatikani ovyo. Mimi niliwapa yetu kwa sahani ya samaki.

Kwenye mchoro kuna duara jekundu, na ndani ya duara hilo hatakiwi kuishi mtu. Nyumba yetu imo. Chuo cha Kurani cha shangazi Mize kimo. Kaburi la baba limo, ila makaburi hayakuonyeshwa. Waliopima waliandika "vichaka", na mimi, siku ile ya pili nikiwa bado sijajua, nikanakili vichaka juu ya baba yangu kwa mkono huu huu.

Nilimwendea Mhandisi. Hakukana. Alifunga mlango, akanimiminia kahawa. "Nnajua ni kwenu," akasema. "Na wazee wangu mie walitoka kwao na nguo walizovaa. Watu wanahama, Hamadi, wanaanza tena."

Nikamwambia wazee wake hawakutiwa dole kwenye karatasi ya uongo. Akanikumbusha kuwa nilitia sahihi kutotoa siri za kazi, na kuwa yeye ndiye kafili wangu, kibali changu cha kukaa kimo mkononi mwake. Hakusema kwa ukali. Wiki ile ile akaniletea tangazo nilitie Kiswahili, na nyambizi zisitajwe. Nikaandika bandari ya kisasa ya uvuvi. Nikachagua maneno mazuri kwa kuwa nilijua mama atasomewa. Sijui nilikuwa nafikiri nini.

Kikulacho ki nguoni mwako, na nguoni mwenu nimo mimi.

Sasa sikia la jana. Wenye mradi wameona kijiji kinasitasita. Mhandisi akaniita, akaniambia, "Utakwenda nao Jumatatu. Wewe mtoto wa kule, watakusikiliza. Ukirudi, nnakupandisha cheo." Nikasema ndiyo. Nimejiuliza njia nzima kutoka Wattaya kwa nini sikusema hapana, na jibu lake fupi: naogopa. Naogopa kurudishwa na begi moja, watu waniulize nimerudi na nini. Wenzangu wa chumbani walinipongeza, mmoja akanunua soda, nami nikanywa.

Basi Jumatatu nitashuka garini nimevaa fulana ya mradi. Nitasimama chini ya turubai niseme bandari, ajira, nyumba mpya za matofali. Nitasema vizuri, unanijua. Mama atanitazama usoni. Asitie dole. Wewe usitie, mjomba Faki asitie. Mwulizeni mkubwa wa msafara mbele ya watu wote, duara jekundu linafika wapi, na ni meli gani zitakazoingia Kizani. Watanigeukia mimi, na mimi nitasema sijui. Msiniamini.

Ramani nimewachorea, na duara lake, nyuma ya kifuniko cha boksi la halua. Kimo chini ya tende kwenye mfuko alioubeba Bi Rukia. Mpelekeeni yule wakili wa mjini aliyesimamia kesi ya shamba la shangazi. Akiuliza kachora nani, mtajijua wenyewe la kumjibu, mimi sitalaumu.

Tende ni za mama, na dawa ya kuchua ni ya goti lake. Nisalimie mjomba Faki aliyetufundisha kuogelea, umwambie jiwe lake limepata nyambizi za kulifuata. Nisalimie shangazi Mize, mwalimu wetu, na umwombe asiwaache watoto wacheze karibu na vile vigingi. Msalimie na shemeji.

Na najua mama, akisikia nakuja, ataanza kukuna nazi tangu alfajiri. Mwambie siku hiyo asinipikie. Nitakula na niliokuja nao.

Ni mimi mdogo wako,
Hamadi