Koti la Baba Kwenye Uhakiki

Bagara, Babati
Jumamosi

Mdogo wangu Elibariki,

Shikamoo yako ya kwenye simu ilinifikia, marahaba. Natumaini huko Mwanza u mzima na masomo yanakwenda. Huku tupo. Mahindi yamekomaa, na Mama goti linamsumbua asubuhi tu.

Umeuliza kuhusu ile barua ya serikali. Ni kweli. Wanasema pensheni ya marehemu Baba iliendelea kuingia benki zaidi ya mwaka mmoja baada ya sisi kumzika, na sasa familia irudishe yote. La sivyo tutapelekwa mahakamani, na mali tuliyo nayo ni hii nyumba anayolala Mama.

Jumanne walikuja wawili na gari la ofisi. Mmoja, kijana wa suti inayombana, alikifuta kiti cha Mama kwa leso kabla ya kukikalia. Akamuuliza kwa nini marehemu hakutoa taarifa ya kifo chake. Naapa ndivyo alivyouliza, na mwenzake akaandika! Chai ya Mama hawakuigusa, ila maparachichi walibeba mfuko mzima. Hao ndio wasomi wetu. Baba alikuwa bwana shamba miaka thelathini, akienda Bonga kwa baiskeli, halafu watu hawa hata kujua kwamba amekufa kumewashinda.

Kisha wakatoa picha. Ilipigwa kwenye uhakiki, pale kila mstaafu anapotakiwa kufika mwenyewe waone kwamba yu hai. Ilikuwa miezi mitano baada ya mazishi. Mzee amekaa, amevaa koti la kahawia la Baba. Unalikumbuka: siku ya kumaliza matanga, nguo zilipogawiwa, alipewa Baba Mdogo Paskasi. Afisa aliyempiga picha alimsifu kwamba anazidi kuwa kijana. Asizidi vipi, wakati Baba alimzidi miaka tisa?

Mama aliitazama picha, akagusa kifungo cha juu kwa kidole. Akasema yeye ndiye aliyemtuma shemeji yake. Akaweka dole gumba kwenye karatasi yao, nao wakamshukuru kwa ushirikiano.

Habari zilipokufikia, wewe ukaniandikia kwamba Mama ametuaibisha, na mwenye tamaa abebe mzigo wake. Elibariki, huna haya. Mama hajawahi kuishika kadi ya benki ya Baba. Hakujua hata siku ya uhakiki. Mimi ndiye niliyelipiga pasi lile koti, nikamkaririsha Baba Mdogo tarehe ya kuzaliwa ya Baba, nikamsindikiza hadi mlangoni. Kifungo cha juu kilikuwa kimepotea, nikashona chekundu cha blauzi yangu. Mama alikitambua, akajitwisha kosa langu.

Na hela zile hazikuninunulia hata kitenge. Ndizo zilizolipa ada yako. Cheti utakachokiringia kimelipiwa na maiti.

Wale wa ofisini nawadharau mpaka leo, ila mwongo ni mimi, na najidharau kuliko wao. Jumatatu nakwenda kusema ukweli ili dole la Mama liondolewe kwenye karatasi ile. Wakinizuia huko, rudi nyumbani ukae naye, na usimhubirie.

Baba Mdogo anakusalimu, ingawa siku hizi haongei sana. Mama naye anakusalimu. Anauliza tarehe ya mahafali yako, kwa sababu ameshaazima viatu.

Ni mimi dada yako,
Leonia