Taulo la Bluu Chini ya Vitabu

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, goti limetulia na macho bado yana hamu ya kusoma, maana nimekutumia kazi. Sisi huku hatujambo. Mkamwana wako anakusalimu sana, na anauliza kama ile dawa ya kuchua goti umeitumia au umeipanga kabatini pamoja na wenzake. Wajukuu wako wanakua kwa fujo. Yule mdogo meno yake mawili ya mbele yameng'oka, na sasa kila neno linamtoka na upepo. Juzi alikuwa anajaribu kupiga mluzi, hewa inamkimbia tu, nyumba nzima ikacheka. Mimi nilicheka kidogo nikaacha, na sababu utaiona mbele.

Kabla ya yote, naomba unisikilize kama nilivyokuwa nakusikiliza mimi zamani, mikono nyuma, kidevu juu. Ndani ya sanduku hili kuna vitabu vinne, na chini yake kuna kitu kimefungwa kwa taulo la bluu. Usilifungue taulo kabla hujamaliza barua. Najua mkono umeshaanza kwenda. Urudishe, Baba. Ndani ya kile kitabu cha juu kuna miwani. Nimeikata vioo mimi mwenyewe pale dukani, kwa vipimo ulivyonitumia, kwa hiyo usiniambie huoni herufi.

Uliniandikia kwamba jirani yako, yule msoma mita mstaafu mnayemwita Profesa wa Redio, amekutoa jasho mbele ya watu. Yeye anashikilia kwamba simfonia ni utunzi mmoja, wewe unashikilia kwamba ni nyimbo nne zilizokosa mtangazaji. Ukaniagiza vitabu vya muziki wa okestra na watunzi wake ili ukamfunge mdomo. Samahani sana, lakini safari hii Profesa amekushinda. Ni utunzi mmoja wenye sehemu nne, na ndiyo maana redioni unasikia watu wanakohoa katikati na hawapigi makofi. Wanasubiri mwisho. Utayakuta hayo kwenye kitabu chembamba chenye jalada la kijani, ukurasa wa mwanzo kabisa. Kisome haraka, kimeandikiwa watu wasiojua lolote, na wewe utakasirika kuambiwa tarumbeta ni nini. Vumilia. Angalia tu ule mchoro wa jinsi okestra inavyokaa, utazame nani yuko jirani na nani kule nyuma.

Kitabu kinene ni cha maisha ya watunzi. Usianzie mwanzo, mwandishi anapenda mno kueleza babu wa babu ya mtu. Fungua katikati, pale wanapoanza kufanya kazi. Utawapenda, Baba. Nilidhani walikuwa watu wa kukaa dirishani wakisubiri nota zidondoke kutoka mbinguni, kumbe walikuwa mafundi kama sisi. Wengi waliandika leo kitu cha kupigwa kesho, wino haujakauka, huku bwana mkubwa anagonga mlango na mwimbaji amenuna. Kitabu cha tatu kinaeleza tunzi zenyewe, moja baada ya nyingine. Hicho usikisome peke yake. Kisome redio ikiwa inaimba, na ikiwezekana Profesa akiwa kando. Kitabu ni cha kiongozi wetu wa okestra, kwa hiyo ile kalamu yako nyekundu ya kusahihishia watu iweke mbali nacho.

Cha nne ndicho chenye jambo, nacho nitakirudia.

Sasa habari za okestra. Bado tunafanyia mazoezi kwenye bwalo la chuo cha wauguzi, meza zikiwa zimesukumwa ukutani na sakafu inanuka sabuni. Bado hakuna anayelipwa. Kiongozi wetu ni yule mwalimu wa piano tunayemwita Mama Polepole, kwa sababu neno hilo hulisema hata tunapotakiwa kukimbia. Mwisho wa mwezi ujao tuna onyesho, na amechagua simfonia moja ya zamani, kubwa, yenye tarumbeta mbili na ngoma mbili za shaba. Wewe ngoma hizo huwa unaziita masufuria. Shida ni kwamba safu ya tarumbeta imebaki na mtu mmoja. Mama Polepole ametuambia wazi kwamba asipopatikana wa pili, simfonia anaifuta, na tutapiga vipande vifupi vya vinanda vya nyuzi peke yake. Sisi wa nyuma tutabaki kupanga viti.

Tulimjaribu bwana mmoja wa bendi ya harusi. Anapiga vizuri, simdanganyi Mungu, ana sauti ya kung'arisha ukuta. Ila palipoandikwa kimya, yeye alikijaza. Mama Polepole aliposimamisha muziki na kumuuliza ni nota gani zile, alijibu kwa upole kwamba alidhani tumesahau, akaona atusaidie. Tulicheka mpaka mpiga fidla mmoja akadondosha upinde. Bwana yule alijaribu tena, akashindwa tena, akaaga kwa heshima. Alisema hawezi kukaa na tarumbeta mapajani kama mtu anayembeleza mtoto.

Nilikukumbuka wewe. Ulikuwa ukisema hivyo hivyo, kwamba mpiga tarumbeta wa okestra anahesabu muda mrefu kuliko anavyopiga, na kwamba katika bendi yenu ya polisi mtu wa namna hiyo angewekwa ndani. Ndiyo sababu uliyonipa mara zote mbili nilipokualika uje kutusikiliza. Ulisema huwezi kukaa ukumbini kuwatazama watu wakinyamaza.

Lakini Mama aliponipigia simu kutoka huko nyumbani wiki iliyopita alinieleza mengine, na usimgombeze, nilimchimba mimi. Alisema tangu ustaafu umekuwa mtu wa dirishani. Alisema unakula kidogo, unagombana na redio, na siku nzima inapita hujasema neno ila kumhusu Profesa. Akataka kukata simu, kisha akacheka, akaniambia kwamba kila asubuhi unapomwagilia mboga nyuma ya nyumba unatoa mfukoni kile kidomo cha tarumbeta, kile kipande cha kuwekea mdomo, na kukipuliza. Kidomo kitupu, bila tarumbeta. Anasema mpangaji wa chumba cha uani aliuliza kama mmeanza kufuga bata.

Baba, sasa nikukumbushe. Siku uliyonipa tarumbeta yako uliniambia mdomo wako umekwisha, kwamba mzee akipiga mbele ya watu anajidhalilisha, na kwamba kuanzia siku ile kazi ni yangu. Nilikuamini. Niliona sanduku halina kidomo, nikadhani kimepotea, nikanunua changu. Kumbe hukukipoteza. Mtu ambaye mdomo wake umekwisha hapulizi kidomo kila siku akiwa na ndoo ya maji mkono wa pili.

Sasa nifike kwenye lile ninalolizunguka. Nimelizunguka kwa sababu naogopa, na nikishaliandika haliwezi kurudi.

Mtu aliyetoka kwenye safu ya tarumbeta ni mimi.

Kabla ya mvua za mwaka huu niliamka asubuhi upande mmoja wa uso umelala. Chai ilinimwagikia shingoni, jicho halifumbi. Mkamwana wako alilia kuliko mimi. Daktari alisema ni mshipa wa fahamu wa usoni, wala si kiharusi, na kwamba utarudi wenyewe. Na kweli umerudi, Mungu ashukuriwe. Nacheka, nakula, nafumba jicho, na wateja dukani hawagundui kitu. Kilichobaki ni kona moja ya mdomo. Haikazi. Nikipuliza, hewa inatoka pembeni kama ya mwanangu yule mwenye pengo. Daktari amenipima mara ya mwisho akasema, bila kunizungusha, kwamba hapo ndipo ulipofikia, hautapona zaidi. Sikukuambia kwa sababu kila wiki nilijiambia nitakuandikia nikipona. Nilijua umenikabidhi kitu kimoja tu maishani ulichokipenda. Iliniuma sana, Baba. Nilikuwa nafunga mlango wa stoo ya dukani nalia kati ya maboksi ya fremu.

Ila sikuacha kwenda mazoezini. Nilikaa ukutani, karibu na zile meza, nikisikiliza. Mpiga ngoma wetu alikuwa amehamishwa kikazi, na masufuria yako yalikuwa pale yamefunikwa shuka. Tukiwa kwenye sehemu ya mwisho ya ile simfonia, muuguzi anayepiga tarumbeta ya kwanza aligeuka akanitazama. Baadaye alinivuta pembeni akaniuliza nani alinifundisha ngoma. Nikamwambia hakuna. Akasema nilikuwa napiga magoti yangu kwa viganja, kila penye ngoma pale pale, bila kukosea hata mara moja.

Hilo lilinisumbua mpaka nilipokifungua kitabu cha nne, kile chenye jalada lililobanduka. Kimeandikwa na mzee aliyepiga ngoma katika okestra maisha yake yote, naye hana maneno mengi. Ameeleza kwamba zamani tarumbeta na ngoma zile zilikuwa kikosi kimoja, watu waliopanda farasi pamoja mbele ya jeshi. Zilipoingia ndani ya okestra hazikuachana. Kwa hiyo katika tunzi nyingi za zamani, tarumbeta zikinyamaza, ngoma nazo zinanyamaza, na zinaingia pamoja. Miaka yote ile niliyokuwa nahesabu kimya changu, nilikuwa nahesabu na cha mpiga ngoma bila kujua. Nilikifunga kitabu nikaenda moja kwa moja nyumbani kwa Mama Polepole, nikamwambia naomba masufuria.

Hakukubali kirahisi. Siku ya kwanza nilichekwa, maana kabla ya kila pigo nilikuwa navuta pumzi na kuvimbisha mashavu. Mkono ulikuwa unasubiri pumzi iishe, ngoma inachelewa. Na kuwamba ngozi mpaka itoe sauti inayotakiwa, wakati wenzako wanaendelea kupiga, ni kazi ya sikio na vidole. Unainama karibu kabisa na ngozi, unaigusa kidogo, unakaza kidogo. Hapo duka la miwani limenisaidia, mikono yangu imezoea kukaza kitu bila kukivunja. Sasa Mama Polepole haniangalii tena ninapoingia, na kwake hiyo ni sifa.

Kwa hiyo kiti cha ngoma kina mtu, na mtu huyo haondoki. Kiti cha tarumbeta ya pili ndicho kitupu.

Nadhani umeshaelewa, Baba, lakini nitasema wazi usije ukajifanya hukuelewa. Vitabu hivi sikuvichagua kwa ajili ya mtu atakayekaa ukumbini, wala kwa ajili ya Profesa. Nimevichagua kwa ajili ya mpiga tarumbeta mwenye miaka mingi ya gwaride, anayesoma nota kuliko sisi sote, ambaye kitu pekee anachohitaji kujifunza ni kusubiri. Soma cha nne kwanza. Ndani yake nimeweka karatasi za tarumbeta ya pili. Hazina nota za juu za kukutoa jasho, nimezipitia mstari kwa mstari kwa ajili ya mdomo wa mtu aliyepumzika. Nimeshamwambia Mama Polepole unakuja. Aliuliza kama umekubali, nikamjibu kwamba wewe ni baba yangu. Akasema polepole, kisha akaandika jina lako.

Utasema mzee hajidhalilishi mbele ya watu. Mimi mwanao nimetembea mjini uso umepinda, nimechekwa na bwalo zima kwa kuvimbisha mashavu mbele ya ngoma, na bado niko hai na simfonia naijua. Utasema una goti. Tarumbeta ya pili hukaa. Utasema safari ni ndefu. Dada atakuja kukuchukua Jumamosi, ameshaomba ruhusa kazini, naye unajua hasikii neno hapana. Mimi pia sisikii, na ukaidi huo nimeurithi kwako.

Utakaa mbele yangu kidogo, mkono wa kulia. Ukipotea katika hesabu, usiwe na wasiwasi, hesabu yako nitakuwa nayo mimi nyuma yako. Nami nikipotea, nitatazama mabega yako. Tutanyamaza pamoja na tutaingia pamoja.

Msalimie sana Mama, mwambie simu yake imezaa matunda. Msalimie Profesa, mwambie viti vya mbele vipo na makofi ni mwisho tu. Wajukuu wanakubusu mikono, na mkamwana wako ameshatandika kitanda cha chumba cha nyuma.

Sasa fungua taulo. Ni tarumbeta yako yenyewe, na lile bonde nililoitia nilipoidondosha ngazini nikiwa mdogo bado lipo, sikuruhusu fundi alinyooshe. Nimeisafisha na pistoni nimezitia mafuta. Kidomo changu nimekitoa, kwa sababu unacho chako mfukoni.

Ni mimi mwanao, mpiga masufuria,
Kipenga