Shikamoo Iliyoharibu Sinema

Mjukuu wangu Zuhura,

Marahaba. Hapa Kariakoo tupo, duka linafunguliwa, na bibi yako hajambo, anagombana na goti lake tu.

Unauliza kama uache kuigiza huko London, kwa kuwa kila filamu, kila tamthilia ya televisheni, unapewa sentensi moja, basi.

Nilipokuwa kijana, Waingereza walikuja mtaa wa Gerezani, hapa jirani, kupiga sinema. Nikasimamishwa mlangoni kama bawabu, nikaambiwa nisifungue mdomo. Mwigizaji wao mkuu, mzee mwenye mvi, akapita mbele yangu. "Shikamoo mzee," ikanitoka. Mwongozaji akafoka kwamba nimeharibu. Nilitamani kukimbia.

Yule mzee akamuuliza mkalimani nimesema nini. Alipoelezwa, akasema, "Turudie, na aseme tena." Safari hii akasimama, akanitazama usoni, akajibu, "Marahaba."

Sinema yenyewe niliiona mara moja. Mimi sionekani kabisa. Lakini mzee anaposimama na kutazama, najua anamtazama nani.

Sasa hiyo sentensi yako moja, mama, huwa unamwambia nani?

Ni mimi babu yako,
Mzee Salum