Mafuta kwenye Komeo

Shoga, kitu cha kwanza nilichoona ni mafuta kwenye kidole chake.

Yule mama mwanahistoria aliyekuja kumhoji bosi wangu, anayeandika jinsi watumishi wa majumbani walivyoishi zamani. Alikuwa amegusa komeo la chumba changu, lile la nje.

Akamwambia bosi, "Mzee, si ulisema kufungia watumishi kuliisha enzi za baba yako? Mbona komeo lina mafuta mapya?"

Mzee akampiga na mkongojo wake mdomoni. Mdomoni, shoga. Mama akaanguka, mzee akampiga tena pale pale chini. Damu imenirukia mpaka kwenye aproni.

Mama wa watu akatema jino, akaniuliza, "Mwanangu, unafungiwa?"

Nikasema hapana.

Nafungiwa, shoga. Mwaka wa tatu sasa. Na mafuta nayatia mimi mwenyewe, maana mzee hapendi komeo likilia.